Waliofukuzwa msibani kwao: kisa cha wakesha wa boti ya Subira

Kisa chenyewe ni kifupi. Usiku wa Jumamosi, 6 Julai 2024, katika chumba cha nyuma cha duka la vifaa vya shule hapa Mwanga, Kigoma, watu wanne waliokuwa wakicheza mchezo wa kusimulia walikutana na wafu kumi na mmoja. Wakawashinda kwa mtupo mmoja wa dadu. Dakika chache baadaye mchezaji mmoja akaweka karatasi yake mezani, akasema sentensi moja, akatoka. Hakurudi mezani kwa wiki tatu.

Msimulizi nilikuwa mimi. Wafu wale niliwatunga mimi, sheria zao niliziandika mimi, na kosa lilikuwa langu karibu lote. Nalichambua hapa kwa ajili ya yeyote anayetunga ulimwengu wake kwa Kiswahili na anataka kutia humo wafu wenye huzuni. Ni jambo linaloonekana jepesi mpaka ulijaribu.

Kwa asiyeujua mchezo: ulianza kuchapishwa Marekani mwaka 1974. Mtu mmoja anasimulia ulimwengu, wengine kila mmoja anakuwa mhusika wake kwa mdomo tu, na karatasi mbele yake inayoeleza mhusika huyo anaweza nini, na panapotokea shaka kama jambo litafanikiwa, dadu inaamua. Wenzetu huko wana dadu za pande ishirini. Sisi tuna mbili za ludo, moja imemeguka pembe na inapenda sana kuangukia tano.

Wachezaji nitawaita kwa shughuli zao. Mshonaji ni dada mwenye cherehani mbili karibu na soko. Mwalimu anafundisha shule ya msingi na huchelewa kila mara, kisha hutaka tuanze upya. Mhitimu amemaliza chuo mwaka mmoja kabla, bado anatafuta kazi, na ndiye aliyetuletea mchezo. Wa nne ni Mvuvi, wa mwalo wa Katonga. Huyu kwa kawaida tusingempata, maana dagaa wa Ziwa Tanganyika hufuatwa usiku wa giza kwa taa, na sisi tunacheza usiku. Lakini mwaka ule ziwa lilifungwa kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti ili samaki wapate kuzaliana. Mitumbwi ikalala mchangani, na wanaume waliozoea kulala mchana wakawa wanazunguka mitaani usiku hawajui wafanye nini. Mmoja wao akaingia dukani kununua daftari la mtoto, akasikia kelele nyuma ya pazia.

Ulimwengu wetu unaitwa Mwambao. Ni ziwa moja tu lenye bandari zilizohesabiwa kwa namba, na halina ng'ambo. Hapa Kigoma siku isiyo na ukungu unaiona milima ya Kongo upande wa pili. Katika Mwambao hakuna upande wa pili, na wenyeji wake hata neno la ng'ambo hawana.

Jina la wafu lilitusumbua kuliko kitu kingine. Mhitimu alitaka waitwe misukule. Neno lipo, kila mtu analijua. Nilikataa, na hapo bado naona nilikuwa sawa. Msukule wa masimulizi yetu ni mtu anayedhaniwa amekufa. Watu wanazika, wanalia, wanatawanyika, kumbe kaburini umelazwa mgomba. Mwenyewe yuko shambani kwa mtu, analima usiku, amekatwa ulimi, analishwa pumba. Huzuni hiyo inatosha, sibishi. Ila ukishamtamka msukule umemtamka na mchawi. Meza nzima itaacha kumtazama mfu ianze kumtafuta mwenye shamba. Na huku kwetu magharibi, pamoja na jirani zetu wa Kanda ya Ziwa, tunajua utafutaji huo huishia wapi: kwa bibi kizee mwenye macho mekundu, macho yaliyoharibiwa na moshi wa kuni. Watu wameuawa kwa hilo. Sikutaka mchezo wangu upite njia hiyo hata kwa utani.

Zombi nalo tulilipima. Limetoka Haiti, na zombi wa awali hakuwa mla watu. Alikuwa mtumwa asiyepata kupumzika hata baada ya kufa, ndugu wa damu wa msukule wetu. Kula nyama alifundishwa baadaye na sinema za Marekani, na kijana wa leo ukimwambia zombi anatafuta panga. Mzuka ndio usiseme: siku hizi mtu mwenye mzuka ni yule aliyechangamka, yuko tayari kucheza muziki mpaka asubuhi. Mwisho tukatua kwenye mkesha. Kiswahili kinaujua mkesha kama usiku wa kukesha, wingi wake mikesha. Tukamhamisha ngeli: mkesha, wakesha. Mwalimu alilalamika, kama ulivyo wajibu wake.

Wazo lenyewe nililiokota bandarini. Meli ya Liemba ilijengwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikaletwa vipande vipande, ikaunganishwa hapa Kigoma na kupewa jina la Graf von Goetzen. Julai 1916 Wajerumani wakaizamisha kwa mikono yao isije ikaangukia kwa adui. Kabla ya kuizamisha, mafundi waliipaka mashine zake grisi nzito. Waingereza wakaiinua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini ikiitwa Liemba. Tangu utotoni grisi ile haijanitoka kichwani. Mtu anaizamisha meli huku anaiandaa irudi. Nikawaza kinyume chake: watu waliozama bila kuandaliwa chochote, si kwa kwenda, si kwa kurudi.

Ndipo nikaitunga boti ya Subira. Ilitoka Bandari ya Tatu na wavuvi kumi na mmoja, haikurudi. Bandari ikalia siku tatu. Siku ya nne dagaa walikuwa wengi mno, watu wakarudi ziwani, na matanga hayakuanuliwa. Kila mmoja alidhani mwenzake ameyaanua. Tangu siku hiyo, kila giza likiingia, wafu hutoka majini wamejitwisha mikeka yao iliyolowa. Huitandika nje ya nyumba, hukaa, huelekea mlango. Hawasemi wala hawamgusi mtu. Ila nyumba waliyoikalia, jiko haliwaki. Kiberiti kinawaka, karatasi inawaka, mkaa haushiki.

Hilo la jiko nililitoa kwenye msiba wa kawaida. Nyumba iliyofiwa haipiki. Majirani ndio wanaoleta ugali na maharage. Nikajiuliza, msiba ukikataa kuisha, majirani wataleta mpaka lini? Bandari ya Tatu ilikuwa imefika hapo. Wachezaji walipowasili walikuta watu wamekonda, wanatafuna mihogo mibichi, na watoto wamesahau harufu ya mawese yaliyochemka.

Nilijivunia sana maelezo yale. Niliyasoma polepole, taa imepunguzwa. Mshonaji alishika mkono wake mwenyewe.

Kisha Mhitimu, ambaye mhusika wake ni kuhani wa Taa, akauliza kama anaweza kuwafukuza. Anaweza. Tangu sheria za mwaka ule wa 1974 kuhani ana uwezo wa kuwafukuza wafu wanaotembea, nami nilikuwa nimeunakili uwezo huo bila kuufikiria: tupa dadu mbili, ukipata nane au zaidi wanaondoka. Akatupa. Sita na tano. Kumi na moja, kwa wafu kumi na mmoja, tulicheka hata. Nikasimulia jinsi walivyoinuka, wakakunja mikeka, wakarudi majini mmoja nyuma ya mwingine. Majiko yakawaka. Wanawake wa Bandari ya Tatu wakapiga vigelegele.

Mvuvi akasema, "Mmewafukuza watu msibani kwao."

Hakupandisha sauti. Akaweka karatasi, akaaga vizuri kabisa, akatoka. Nilitaka kumwambia kaka, huu ni mchezo. Namshukuru Mwalimu, alinikanyaga mguu chini ya meza kabla sijafungua mdomo.

Sababu yake aliniambia siku ya tatu, kule mwaloni, na itabaki mwaloni. Amenikubalia niandike kisa, si sababu. Anayeishi hapa anaweza kukisia. Ziwa hili lina kina cha mita 1,470, na maji yake ya chini hayachanganyiki na ya juu. Halirudishi kila linachochukua.

Kutoka kwa mtu mzima mezani kungeweza kuishia kwenye kuombana radhi, tukaendelea. Lakini sentensi yake haikuwa malalamiko tu. Ilikuwa sahihi. Alikuwa ameusoma ulimwengu wangu kuliko nilivyousoma mimi niliyeuandika. Nilikuwa nimetunga msiba, nimeweka mikeka, nimezima majiko, kisha nikaweka sheria inayowachukulia waliokaa msibani kama wezi wa kuku.

Mhitimu alijitetea, na utetezi wake naukubali. "Kaka, karatasi iliniambia naweza. Nimetupa, nimepata. Kosa langu liko wapi?" Hakuwa na kosa. Karatasi ilikuwa na kitenzi kimoja tu kuhusu wakesha, nacho ni kufukuza. Mchezaji ukimpa kitenzi kimoja atakitumia hicho hicho, hata umwekee machozi kiasi gani pembeni.

Hapa ndipo nilipokaa siku nyingi. Huzuni ya wakesha wangu ilikuwa rangi ya nje. Mkeka uliolowa, ukimya, macho mlangoni: picha nzuri, na picha haijibiwi. Mchezaji aliiona, akaisikia rohoni kwa muda wa kunywa chai, kisha akatafuta la kufanya, na la kufanya halikuwemo ndani ya huzuni yenyewe. Nimekuja kugundua kwamba ndivyo walivyo wafu wengi wenye huzuni katika hadithi zinazotungwa sasa. Mfu analia gizani, hatujui anamlilia nani, shujaa anamhurumia kidogo, kisha anamkata kichwa "kwa huruma". Mfu hakuwa na uhusiano na mtu yeyote aliye hai. Sasa hata akihuzunika, anahuzunika kwa nani?

Mshonaji ndiye aliyekuja na pendekezo la kwanza. Alitaka wahusika washone sanda kumi na moja. Dada huyu kazi yake inamtuma, na nilipenda jinsi alivyoeleza: pima tatu kwa mwanamume, kitambaa kisitoshe, wakatafute Bandari ya Nne. Tukalijaribu kwa maneno, likakwama. Wageni wanne wanashona, wanavisha, wanazika, wakati wenyeji wamesimama pembeni wanasubiri majiko yawake. Mwalimu akasema tutakuwa tumemaliza msiba wa watu huku wenye msiba wakitazama kama mpira. Sanda ikawekwa kando.

Siku ya pili yake nikapanda daladala hadi Ujiji kwa bibi. Sikumwambia habari za mchezo. Angefikiri nimerukwa na akili, au mbaya zaidi, angetaka kujua unaingiza shilingi ngapi.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mjukuu wangu. Mbona umekonda, huli?"

Baada ya migebuka na mengine, nikamuuliza: mtu akizama asipatikane, matanga yake yanaanuliwaje? Akanijibu kwamba anasomewa, anaombewa, kama anavyoombewa aliyefia ugenini. Hilo nililijua. Nikauliza tena, je, kama watu wamesoma na bado nyumba ni nzito? Bibi akanyamaza kidogo, kisha akaniuliza kama pale msibani walitangaza madeni.

Kila aliyewahi kuzika hapa nchini ameisikia sauti hiyo. Kabla watu hawajatawanyika, mzungumzaji wa familia anasimama: kama kuna anayemdai marehemu, au anayedaiwa na marehemu, aonane na familia. Tumeisikia mara nyingi mno hata hatuisikii tena. Wengi hapo huwa tunatafuta viatu.

"Wanaomdai marehemu hawachelewi," bibi akasema. "Jioni ile ile wako mlangoni. Anaowadai yeye ndio hujifungia ndani."

Kwenye daladala ya kurudi nilitoa daftari, nikalitazama neno moja nililoliandika mwezi mmoja kabla bila kujua nimeandika nini. Mlango. Wakesha wangu walikuwa wanaelekea mlango. Niliwaweka hivyo kwa sababu inapendeza kuwaza. Kumbe walikuwa wamekaa nje kwa wadeni wao.

Huo ndio mzizi wa kisa hiki kwangu. Huzuni ya mfu ikiwa na mdaiwa aliye hai, hadithi inapata kazi ya kufanya. Isipokuwa na mdaiwa inabaki kuwa hali ya hewa. Lugha yetu ilikuwa imeshalitenganisha jambo hili zamani: kufa ni kimoja, kuzikwa ni kingine, na kuanuliwa kwa matanga ni cha tatu, tena hicho cha tatu hakifanywi na marehemu wala na mganga wala na shujaa mwenye upanga. Kinafanywa na waliobaki. Wakesha hawakuwa viumbe wa ajabu walioivamia bandari. Walikuwa shughuli ya bandari iliyoachwa katikati.

Nikawaandika upya wote kumi na mmoja, safari hii kila mmoja na mlango wake. Mvuvi nilimfuata mwaloni na daftari, tukakaa juu ya mtumbwi uliopinduliwa. Sikumwomba arudi, nilimwomba anisahihishe. Aliliangalia jina la mwenye boti, akacheka kwa mara ya kwanza. "Huyu huwezi kumwita nahodha. Nahodha yuko majini na wenzake. Mwenye boti ni tajiri, na tajiri halali ziwani." Akanieleza mgawo: mafuta yanatolewa, tajiri anachukua fungu lake, kinachobaki ni cha vijana, na hesabu husubiri mbalamwezi iingie, taa zikiwa hazina kazi. Boti ya Subira ilizama katikati ya giza. Maana yake hesabu haikufanywa. "Basi sita wako nje kwa tajiri," akasema, kama anayeniambia bei ya dagaa. Nikaandika sita.

Wanne waliofuata nao walipata milango yao. Fundi wa taa amekaa nje kwa mdogo wake, waliyegombana naye juu ya shamba na asubuhi ya mwisho hawakuamkiana; anachodai ni salamu. Mwingine yuko nje kwa mkewe aliyeolewa tena, na hapo tulibishana sana, maana Mshonaji hakukubali kabisa kwamba mjane anadaiwa kitu. Alishinda. Mkesha yule tukamhamishia nje kwa kaka zake mwenyewe, waliomnyang'anya mjane vyombo. Nilipenda hilo kuliko nilivyotunga mimi. Wa tatu na wa nne walikuwa madeni madogo ya duka, nayapita.

Wa kumi na moja hakuwa na mlango. Ni mvulana wa miaka kama kumi na mitano aliyepanda Subira siku ile ile ya mwisho. Hakuna aliyemjua, hakuna aliyemuuliza jina. Anatandika mkeka mchangani katikati ya nyumba, hatazami popote. Nilimweka makusudi, kwa sababu nadharia yangu ya deni ilikuwa inapendeza mno na mimi nazitilia shaka nadharia zinazopendeza. Mkenya John Mbiti, alipoandika kuhusu imani za Waafrika, alitumia maneno yetu mawili ya Kiswahili, sasa na zamani: marehemu hukaa upande wa sasa maadamu wapo wanaomkumbuka kwa jina, na akiondoka wa mwisho aliyemjua, huingia zamani. Mvulana wangu aliruka moja kwa moja hadi zamani bila kupita sasa. Nani atamlipa?

Niliongeza pia jambo la hatari, kwani wakesha wasiodhuru mtu hawaumizi kichwa. Kila giza linalopita, mkesha anasahau kitu kimoja: kwanza kazi yake, kisha ndugu zake, kisha jina, mwisho sababu ya kukaa pale. Alama yake ni mkeka. Unaanza umelowa chapa. Kadiri anavyosahau unakauka. Mkeka ukikauka kabisa mkesha harudi tena majini. Anakaa popote, mchana na usiku, na jiko la karibu naye halitawaka milele. Anaitwa mkavu. Hana ubaya wowote. Hajui tu tena alikuwa anadai nini, kwa hiyo hakuna anayeweza kumlipa.

Na kitenzi cha kuhani nikakibadilisha. Hafukuzi tena. Anasimama nje ya nyumba na kutangaza deni mbele ya watu, kama inavyofanyika makaburini. Dadu inaamua kama mdeni atatoka au atajifungia; akijifungia, mtupo unaofuata unakuwa mgumu zaidi, kwa sababu aibu ikishakaa inaota mizizi.

Tulirudia usiku ule Jumamosi ya 27 Julai. Mvuvi alikuja, na mfuko wa karanga. Nilikuwa nimewauliza wote mapema, mmoja mmoja, kama kuna jambo wasilotaka liguswe. Ni swali ambalo nilipaswa kuliuliza mwezi Juni.

Saa ya kwanza ilikwenda vibaya. Tulikwama kwenye hesabu. Nani alichukua sufuria, shamba lilipimwaje, salamu moja inatosha au ziwe tatu. Mshonaji akaegemea ukuta: "Jamani, huu sasa si mchezo, ni kikao cha mirathi." Alikuwa anasema kweli. Nikachukua kiberiti cha dukani, nikapanga njiti kumi na mbili mezani. Kila jaribio la kumaliza deni linaunguza njiti moja, na za mwisho zikiisha mwezi unachomoza, wakesha wanarudi majini na kila aliyebaki anasahau kitu. Njiti halisi, inawaka halisi, vidole vinaungua. Meza ikaamka.

Wanne walimalizika. Mdogo wa fundi wa taa alitoka kwenye mtupo wa pili, akasema "habari za asubuhi, kaka" saa nane za usiku, na fundi akainuka. Tuliamua papo hapo inavyokuwa: mkesha aliyelipwa anakunja mkeka, anauacha kizingitini, anaingia majini mikono mitupu. Jiko linawaka. Mkeka unabaki na wenye nyumba, na hakuna aliyeuliza waufanyie nini.

Kwa tajiri walishindwa mara tatu. Mhitimu alitangaza, akapata mbili, akapata nne, akapata tena nne. Alitaka wavunje mlango. Mwalimu akamuuliza pesa inayotolewa kwa panga inahesabika kuwa mgawo? Wakaacha.

Njiti zilikuwa zimebaki tatu. Mhusika wa Mvuvi ni mpiga kasia mzee asiyesema sana. Hakumfuata mtu, hakuomba dadu. Alisema, "Natandika mkeka wangu karibu na yule kijana. Nakaa." Nikamuuliza kwa muda gani. "Mpaka asubuhi." Akachukua njiti moja, akaiwasha, akaiacha iungue hadi mwisho. Akawasha ya pili. Hakuna aliyeongea mezani, na nje bodaboda zilikuwa zinapita kama kawaida. Alipoishika ya tatu, kabla hajaiwasha, akamuuliza mvulana swali moja:

"Ulipanda kwa zamu ya nani?"

Sikuwa nimeandika chochote. Nilijua kwamba hana mlango. Sikujua kwamba mtu asiyejulikana bandarini hapandi boti hivi hivi, lazima kuna aliyeshindwa kwenda siku hiyo na nafasi ikabaki. Mvuvi alijua. Nikaitazama ramani. Nyumba zote zilikuwa na mkeka nje au zimeshalipa, isipokuwa moja: ile ya mwenyeji wao, aliyewapokea siku ya kwanza, akawapa kitanda chake na kulala chini. Nikasema mvulana amesimama. Nikasema ametwaa mkeka wake, anatembea, anautandika nje ya nyumba mliyolala.

Mshonaji akaziba mdomo. Mhitimu akasema, "Na jiko lake limekuwa likiwaka muda wote." Sikuwa nimelifikiria hilo pia, lakini nikaitikia kwa kichwa kama niliyelipanga.

Pana mambo ambayo bado hayajakaa sawa. Dadu zinalala sana pale mambo yanapokuwa mazito, na sijui mchezo wa dadu unaweza kuishi hivyo mpaka lini. Mwalimu anaona madeni yanamfanya mfu aonekane mchoyo. Anauliza kama hapawezi kuwepo mkesha anayekaa kwa upendo tu, na namwambia alete mmoja tuone atafanya nini. Mhitimu bado anataka kuvunja mlango wa tajiri. Na kwa mwenyeji hatujaingia kabisa, maana njiti ya tatu ilikwisha.

Ziwa lilifunguliwa 15 Agosti, mwezi ukikaribia kuwa mpevu. Mvuvi alitumia siku zile kuziba nyavu. Giza la mwisho wa Agosti lilipoingia akaenda, na usiku ukisimama karibu na stesheni unaziona taa zao zimejipanga majini kama mtaa mwingine. Ikabidi tuhamishie mchezo kwenye mbalamwezi, anapokuwa nchi kavu. Wiki ya pili alinitumia ujumbe saa tisa usiku, bila shaka akiwa juu ya maji karibu na ufuko, maana mtandao huko ndani haupo:

"Dagaa wapo. Nakuja mbalamwezi ikiingia. Tajiri asilipe kabla sijafika."

Mpaka leo sita wako nje kwake. Wawili mikeka yao imeanza kukauka pembeni.